Kinywa cha Melchior Shank

Kila asubuhi, kabla hajasema neno na mtu wala na ng'ombe, baba mkubwa Melchior alishuka kwenye kibanda cha chemchemi, akachota maji kwa kata ya bati, akasukutua kinywa na kuyatema kwenye majani. Maji yale ni ya baridi mwaka mzima. Wakati wa theluji yanauma meno. Alisema neno la kwanza la siku likitoka kwenye kinywa kichafu, mengine yote yatalifuata. Ukimwamkia kabla hajasukutua, alikuinulia kidole usubiri. Mke wake, mama mkubwa Fronica, aliwahi kumwambia kwamba siku nyumba ikishika moto alfajiri tutaungua wote tukimsubiri yeye amalize maji yake. Baba mkubwa alifikiri kidogo, akajibu kwamba moto huonekana hata usipotangazwa.

Sisi Wakristo Wamennonite hatuapi wala hatushiki silaha. Ndiyo yetu ni ndiyo na siyo yetu ni siyo, basi. Lakini wengi wetu tuna vichochoro vyetu. Muulize ndugu yetu yeyote umri wa farasi anayemuuza, atakusimulia jinsi mama wa farasi huyo alivyokuwa mpole. Melchior hakuwa na kichochoro. Ukimuuliza kama mkate wako umeiva vizuri, ulilopata umejitakia. Watu walimheshimu sana, na hawakupenda kukaa naye karibu.

Nyumba yake ilikaa njia panda, na hilo lilikuwa kosa la babu yake aliyeijenga. Barabara kubwa ya bonde ilipita mbele ya lango. Njia ya pili ilikwenda magharibi, kwenye milima ya mbali. Ya tatu ilipanda mashariki na kupenya kwenye pengo la ule mlima mrefu unaoligawa bonde letu mara mbili, kama mtu aliyelala katikati ya kitanda cha wenzake. Kabla ya vita vya wenyewe kwa wenyewe, Kusini na Kaskazini, njia hizo zilituletea wachuuzi na mashemeji. Vita vilipoanza zilituletea majenerali, na kila jenerali, awe wa koti la kijivu la Kusini au la buluu la Kaskazini, alisimama pale langoni, akazitazama njia tatu, kisha akatafuta mtu wa kumuuliza. Mtu huyo alikuwa Melchior.

Naye alikuwa na jambo moja tu alilokuwa akiliogopa duniani, nalo lilikuwa mwanawe Noah.

Noah alichukuliwa na jeshi la Kusini mwaka wa kwanza wa vita, pamoja na vijana wetu wengine. Wakapewa bunduki. Walipoamriwa kupiga walipiga, kwa kuwa waliambiwa wapige, ila hakuna aliyewaambia moyoni mwao wamlenge nani. Kapteni wao alilalamika kwamba katika vita vizima kikosi chake kimeua majani ya miti. Kisha kapteni mwenyewe akauawa, na karibu kikosi kizima pamoja naye, na Noah akaweka bunduki chini kwa adabu, akaiegemeza kwenye ua, akarudi nyumbani kwa miguu. Jeshi lina jina lake kwa jambo hilo. Jenerali Pruitt, aliyeongoza watu wa Kusini bondeni kwetu, alikwisha tangaza kwamba mtoro ni risasi. Na si kutangaza tu. Kwenye uwanja ulio karibu na kiwanda cha ngozi walipigwa risasi vijana mbele ya jeshi zima, na sisi tulisikia mlio tukiwa tunavuna kabichi.

Siku Noah aliporudi, baba mkubwa alikuwa ghalani. Alipoingia jikoni alimwona mke wake amesimama kando ya jiko, akainua mkono haraka.

"Usiniambie."

"Sijasema kitu," mama mkubwa akasema.

"Uso wako unasema. Ugeuzie ukutani."

Akaugeuzia ukutani. Tangu siku ile Noah akakaa kwenye pango la mlima wa mawe ya chokaa nyuma ya malisho, nasi wawili, mimi niliyekaa kwao na mama mkubwa, tukampelekea mkate ndani ya ndoo ya maganda ya kulishia nguruwe. Baba mkubwa hakuambiwa lolote, maana akiulizwa atajibu. Alijua mwenyewe kwamba yeye ndiye tundu la nyumba. Basi akajizoeza kukohoa. Kila alipokaribia mlango alikohoa kwa nguvu, akasimama, akahesabu pumzi, ndipo akaingia, na kukuta tunazungumza habari za mvua. Tulizungumza mvua nyingi mno mwaka ule. Kwenye mkutano wa ibada pia, ndugu wakimwona anakuja walianza kusifia hali ya hewa. Mtu aliyesema kweli kuliko wote bondeni akawa ndiye anayeambiwa kidogo kuliko wote.

Isipokuwa na Jenerali Pruitt.

Pruitt alikuwa mnene, mpole, na kabla ya vita alikuwa wakili. Alikuwa na jeshi dogo na njaa kubwa. Alipofika mara ya kwanza, mwanzo wa masika, watu wake walikula kuku wote uani, jogoo akiwamo, naye mwenyewe akaingia jikoni, akavua kofia, akaomba radhi kwa ajili ya kuku. Mama mkubwa akamkaangia chapati za unga mweusi na kumwekea jemu ya tofaa, kwa kuwa kwetu anayefika mlangoni hulishwa, hata kama amekwisha kujilisha uani.

"Mzee Shank," akasema akijipakia jemu, "nasikia wewe husemi uongo."

"Najitahidi."

"Hata ukiulizwa na adui?"

"Mimi sina adui. Wewe ndiye unaye."

Jenerali alicheka mpaka akashika jino lake bovu. Kisha akaanza kusema. Alimweleza baba mkubwa mipango yake yote kama mgonjwa anavyomweleza mganga. Kesho alfajiri ataondoka kwa njia ya magharibi, aende akajiunge na wenzake milimani, maana huku bondeni hana nguvu ya kusimama mbele ya Jenerali Whitlock wa Kaskazini, mwenye watu wengi mara tatu. Alisema atakapolala, atakapovuka mto. Alipokwenda kulala ghalani, mama mkubwa alimwuliza mumewe kwa nini mtu yule anamwambia siri zote hizo. "Mimi mkeo sikwambii hata nusu ya hapo."

Baba mkubwa akasema labda ni upweke wa kazi.

Asubuhi alisukutua kinywa chake akiwa amewakabili. Wakaondoka kwa njia ya magharibi kweli, ukungu ukawameza, ngoma na yote.

Baada yao akafika Whitlock. Huyu alikuwa mrefu, mwenye ndevu zilizochanwa, na nyuma yake maofisa wengi waliobeba ramani kama wanawake wanavyobeba kuni. Hakukaa kula. Kutoka juu ya farasi aliuliza adui amekwenda wapi. Baba mkubwa akasema: alisema anakwenda magharibi, na nilimwona akishika njia ya magharibi. Whitlock akauliza majirani, na majirani wote, ambao siku nyingine hawakubaliani hata juu ya siku ya kupanda, wakamwambia kwamba Melchior Shank hajawahi kusema uongo. Basi jeshi zima la buluu likageukia magharibi, magurudumu yakalia siku nzima mbele ya lango letu.

Pruitt alikuwa amekwenda magharibi mpaka mahali ukungu unapoishia. Hapo akageuka kwa njia za wapasua mbao msituni, akazunguka nyuma yetu, akapanda mashariki, akapenya pengo, akashuka upande wa pili wa mlima mrefu, akautokea mji ambao Whitlock alikuwa ameuacha na chakula chake chote na walinzi wachache. Alivibeba alivyoweza, akachoma vilivyobaki. Moshi wake tuliuona juu ya mlima ukiwa mweusi, na ulinuka nyama ya nguruwe. Walikufa watu wengi pale, wa buluu kwa wa kijivu, nao walizikwa kwenye shamba la ngano lililokuwa limeanza kuota.

Wakubwa wa Kusini walisema Pruitt ni bingwa wa vita. Pruitt, ambaye alikuwa mtu wa haki kwa namna yake, alisema nusu ya ushindi ni ya Mzee Shank, akamletea gunia la chumvi. Chumvi wakati ule ilikuwa haipatikani hata kwa maombi. Baba mkubwa hakutaka kuigusa. Mama mkubwa akaiburuta mwenyewe mpaka stoo, akasema chumvi haijapigana na mtu.

Askari wa kijivu wakipita langoni wakaanza kumvulia kofia. Mtu ambaye dini yake inamkataza hata kumtazama mwanajeshi kwa fahari sasa alipigiwa saluti akiwa anasomba mbolea. Alipojificha nyuma ya ng'ombe, wakampigia ng'ombe.

Hapo ndugu wakaingilia kati. Kwetu Meza ya Bwana huandaliwa masika na majira ya kuvuna tofaa, na kabla ya meza kuna mkutano wa matayarisho. Kila mtu hutoka mbele ya wazee na kuulizwa kama ana amani na Mungu na watu wote. Kama kuna mtu mmoja hamjapatana, hutaketi mezani mpaka umwendee. Sasa Mzee Daniel Swope, aliyekuwa mkubwa wa wazee, alimwuliza Melchior kama alimdanganya Jenerali Whitlock. Akajibu siyo. Je, Jenerali Whitlock anaamini kwamba amedanganywa? Akajibu kwamba kwa vyovyote anaamini. Basi, akasema Mzee Swope akisugua magoti, mko katika kutopatana.

Wazee walizungumza sana. Walikubaliana kwamba ndugu Melchior hana kosa, na kwa hiyo ni lazima akaombe msamaha.

Mtu mwingine angepeleka salamu kwa mtu wa kupita. Yeye alijiandaa kwenda mwenyewe, mpaka kambini kwa Whitlock, kwa miguu, akiwa na mtungi wa jemu. Katikati ya matayarisho hayo Pruitt akapita tena kula chapati, akauliza mzee anasafiri wapi, na mzee akamwambia. Nilikuwa natoa majivu jikoni. Nilimwona jenerali akiacha kutafuna. Akauliza lini. Akaambiwa. Akamaliza chapati yake taratibu, akajifuta mdomo, akasema kwamba yeye safari hii anakwenda mashariki, kupitia pengo, kulishika lile daraja kubwa lililo upande wa pili.

Kambini, kama alivyotusimulia baadaye, baba mkubwa alisimamishwa na walinzi mpaka jioni. Mwisho akaingizwa hemani. Akamwambia Whitlock kwamba amekuja kumwomba radhi kwa kuwa alimwambia kweli. Whitlock aliitazama ile jemu kana kwamba itamrukia.

"Pruitt amekutuma?"

"La. Nimetumwa na kanisa."

"Na Pruitt yuko wapi sasa?"

"Alisema anakwenda mashariki, kwenye daraja, kupitia pengo."

Maofisa wakatazamana. Mmoja akatabasamu. Whitlock naye akatabasamu, akamwambia amemsamehe kabisa, tena kwa moyo wote, akamshika mkono. Baba mkubwa alirudi nyumbani akiwa na amani kubwa, na Jumapili ile aliketi mezani na, kwa desturi yetu, kuoshana miguu na Mzee Swope. Wakati wanaoshana miguu, Whitlock alikuwa amekwisha peleka jeshi lake lote magharibi, kwenye mvua, kumngoja mtu ambaye alikuwa mashariki akichoma daraja, kama alivyosema.

Whitlock aliondolewa. Walituambia alipewa kazi ya kuangalia nyasi za farasi karibu na mji mkuu, na kwamba huko alifanya vizuri. Kabla hajaondoka ofisa wake mmoja kijana alipita langoni, akiwa na tope mpaka kiunoni, akamlalamikia baba mkubwa.

"Mzee, si ungetuambia kwamba safari hii anasema kweli?"

"Sikujua, mwanangu."

"Wewe hujui kitu?"

"Kidogo sana," baba mkubwa akasema. "Siambiwi."

Jenerali mpya wa Kaskazini alikuja na amri kwamba hakuna askari yeyote, mkubwa wala mdogo, atakayezungumza na mzee wa njia panda. Walipita wakiangalia mbele kama mabibi arusi. Mtu mmoja asiye na silaha, na jeshi zima limekatazwa kumsikia. Nadhani hakuna jenerali aliyewahi kuogopwa hivyo. Mama mkubwa alisema ingekuwa heri na wa kijivu wangekatazwa, chapati zingetosha.

Yeye wakati wote huo alikuwa na vita vyake. Bonde lilikuwa na majenerali wawili mashuhuri, na wa tatu alikuwa akikanda unga. Alijua doria inapita malishoni saa ngapi. Alijua jirani yupi anywapo pombe ya tofaa ulimi unalegea, akamkosesha tofaa. Alitaka kumvusha Noah magharibi, milimani, mpaka kwa jamaa zetu walioko upande wa Kaskazini ambako hakuna wa kumpiga risasi. Lakini kiangazi kizima majeshi yalikuwa yakipanda na kushuka barabarani kama msumeno. Ikabidi asubiri mahindi yarefuke, na ukungu wa majira ya tofaa uanze.

Ulipoanza, akamtoa. Noah alikuwa amebadilika. Pango lilikuwa limemfanya mweupe kama mzizi, ndevu zimefika kifuani, na nguo zimemning'inia. Mama yake alimfungia mkate na vipande vya tofaa vilivyokaushwa, akamwambia akishikwa aseme yeye ni Jacob Funk wa ng'ambo ya milima, anatafuta kondoo waliopotea. Noah akasema huo ni uongo. Mama mkubwa akamjibu kwamba baba yake amekwisha sema kweli ya kutosha ukoo mzima.

Walimshika mchana ule ule, kwenye njia ya kondoo juu ya malisho. Ukungu uliinuka mapema. Hata ukungu una upande wake.

Sajini wa doria hakuwa mjinga. Kijana mwenye afya, bila koti la jeshi, na mkate bado una joto la jiko la karibu. Akawaita majirani. Kila mmoja akamtazama Noah, ambaye walimbeba mgongoni akiwa mdogo, wakasema hawajapata kumwona. Sajini akawaambia kwamba bonde hili lina watu wa ajabu, kijana wao akivaa koti wanamfahamu wote, akilivua hata mama yake hamfahamu. Wale wa kikosi cha Noah ambao wangemtambua walikuwa kaburini. Hivyo wakamleta kwa Jenerali Pruitt, na Jenerali Pruitt, kwa kuwa alikuwa njiani kuja kula, akamleta kwetu.

Alikuwa na furaha, kama mwenye duka anayebishana na mteja halafu akakumbuka kwamba mizani ipo. Aliwakataza askari wasimguse yule kijana. Akamwita baba mkubwa kutoka ghalani. Baba mkubwa alikohoa pembeni mwa nyumba, kama kawaida yake, akasubiri, akatokea. Akaona askari. Akaona aliyesimama katikati yao.

Mama mkubwa alikuwa mlangoni, mikono imejaa unga. Hakusogea. Hakukuwa na mvua ya kuzungumzia.

"Mzee Shank," jenerali akasema, "kwa mtu mwingine ningeleta Biblia aishike. Kwako neno moja linanitosha. Wenzangu wanadhani huyu ni mwanao Noah. Akiwa ndiye, unajua sheria. Akiwa siye, aende zake akatafute kondoo. Ni mwanao?"

Baba mkubwa alimtazama kijana kutoka miguuni mpaka kichwani, kama anayetazama ndama wa kununua.

"Nisubiri kidogo," akasema.

Akashuka kwenye chemchemi. Ilikuwa alasiri, hakuna aliyewahi kumwona akisukutua alasiri. Tulisikia kata ikigonga jiwe. Tulisikia maji yakitemwa, kisha yakachotwa tena, yakatemwa tena. Farasi wa jenerali akakojoa. Baba mkubwa akapanda akiwa na ndevu zilizolowa.

"Si mwanangu."

"Unamjua?"

"Simjui mtu huyu."

Sisi wote wa pale tulijua maneno hayo yaliwahi kusemwa na mwanafunzi gani katika Injili, penye moto wa ua gani. Jenerali peke yake hakukumbuka, au labda mawakili hawasomi mpaka hapo. Jogoo wetu, kwa bahati, jeshi lilikuwa limekwisha kumla.

Pruitt akamgeukia sajini wake, akamwambia kwamba huo ndio mwisho wa kesi, na kwamba ingekuwa mtu mwingine yeyote bondeni angemwuliza mara ya pili. Akaamuru kijana arudishiwe mkate wake. Noah akaupokea, akapita mbele ya baba yake bila kuinua macho, akapita mbele ya mama yake, akatoka langoni na kushika njia ya magharibi. Alitembea kama anayetafuta kondoo. Alijitahidi hata kupiga mluzi.

Jenerali akaingia kula. Kati ya chapati na chapati akaanza, kama ada yake, kusema kesho anakwenda wapi.

"Usiniambie," baba mkubwa akasema.

"Kwa nini, mzee?"

"Kinywa kimechoka."

Pruitt akacheka, akala, akaondoka. Baadaye mama mkubwa aliosha sahani moja muda mrefu. Bila kugeuka alimwuliza mumewe kama alikuwa akijua siku zote kwamba Noah yuko karibu.

"Mkate ulikuwa unaisha haraka, Mama Noah," akasema. "Na nguruwe walikuwa hawanenepi."

Siku chache baadaye mtu wa kupita alituletea habari kwa mafumbo kwamba kondoo wamefika salama. Mama mkubwa alilia, akacheka, akakaanga chapati nyingi kuliko watu. Alisema kwamba vita vizima, kwa ngoma na ramani zao zote, hakuna jenerali aliyemdanganya mwenzake vizuri kama Melchior Shank, kwa kuwa wao walianza kudanganya mapema mno. Alilisema kama sifa. Baba mkubwa alilipokea kama mtu aliyeambiwa ana ugonjwa.

Kwani mkutano wa matayarisho ulikuwa Jumapili ile.

Niliyaona mahesabu yake usoni, maana nilikuwa nimezoea kuutazama uso ule. Mzee Swope atamwuliza kama ana amani na Mungu na watu wote. Akisema ndiyo, ataketi mezani na uongo ukiwa bado kinywani. Akisema siyo, ataulizwa ni nani hawajapatana naye, na jibu ni Jenerali Pruitt, na ndugu watamtuma aende akapatane naye. Wangemtuma kweli, kwa miguu, na mtungi wa jemu. Angefika na kusema: nilikudanganya, yule alikuwa mwanangu. Na kila mlango uliosema haumjui Noah ungegongwa, kuanzia wa mama yake. Mama mkubwa alimsihi aseme ndiyo, neno dogo, mara moja zaidi. Akamwambia mtu aliyekwisha vuka mto haogopi umande.

Asubuhi ya Jumapili hakushuka kwenye chemchemi. Kata ilikuwa kavu nilipokwenda kuchota maji. Alivaa koti lake jeusi lisilo na kola, akatembea nasi mpaka kwenye nyumba ya mkutano, akawaitikia watu salamu kwa kichwa. Ndugu wakaanza kusifia hali ya hewa. Ilistahili sifa kweli siku hiyo, milima ya pande zote mbili ilikuwa myekundu kwa majani yaliyokaribia kuanguka.

Wanaume waliitwa mmoja mmoja mbele. Ndiyo, nina amani. Ndiyo, nina amani. Muuza farasi alikuwa na amani. Yule wa pombe ya tofaa alikuwa na amani, ila na mama mkubwa kidogo. Ilipofika zamu ya Melchior, nyumba yote ilitulia kwa starehe, kama watu wanaosubiri saa igonge, kwa kuwa ndiyo yake ilikuwa ndiyo kuliko zetu zote.

"Ndugu Melchior," Mzee Swope akasema kwa upole, "una amani na Mungu na watu wote?"

Baba mkubwa alifungua kinywa. Akakifunga. Alimtazama Mzee Swope, ambaye alimwosha miguu masika, akatazama upande wa wanawake, akamkuta mama mkubwa. Yeye akampa ule uso wake unaosema kila kitu. Kisha yeye mwenyewe, bila kuambiwa, akaugeuzia ukutani.

Baba mkubwa akainama, kama tunavyoinama kwa heshima. Akaenda kwenye misumari ya mbao ukutani, akachukua kofia yake pana kati ya kofia zilizofanana, hakukosea. Akakohoa mlangoni, akatoka.

Ndugu walidhani amekwenda kuomba peke yake, wakaendelea. Mimi nilikuwa nimekaa dirishani. Alishuka mteremko kwa mwendo wake wa kila siku, akapita lango lake bila kuingia, akafika njia panda. Hapo akasimama, mahali pale pale wanaposimama majenerali wote, akazitazama njia tatu. Hakukuwa na mtu wa kumuuliza. Akavaa kofia, akashika moja.

Askari wa kijivu walikuja baadaye, na wa buluu baada yao, kila upande ukitaka kujua mzee alikwenda wapi, maana wote walishaona hawawezi kupigana bila yeye. Mama mkubwa aliwajibu kwamba hakusema. Hiyo ni kweli. Njia aliyoishika niliiona, lakini mimi hakuna aliyeniuliza.